Kutoka karti hadi Le Mans: miaka ya kijana katika daraja la Fedha

Mama mmoja wa Leicester, Uingereza, ametuuliza hivi: “Sisi asili yetu Mombasa. Mwanangu ana miaka 14, ameendesha karti misimu mitatu na kwenye klabu yake anashinda mara kwa mara. Gharama za Fomula 4 tumeziona, tukafunga ukurasa. Sasa anasema Fomula haitaki tena, anataka magari ya GT na mbio za Le Mans. Baba yake anasema ni ndoto ile ile, imebadilishwa jina tu. Je, kuna njia ya kweli huko? Na pesa inaingilia wapi?”

Mama, baba yake ana haki kwa nusu ya swali. Pesa inatakiwa huku pia, tena si kidogo. Lakini soko ni tofauti. Kwenye Fomula, gari ni la mtu mmoja, na kijana ananunua kiti chake peke yake. Kwenye mbio za masafa marefu, kama zile za saa 24 za Le Mans kule Ufaransa, gari moja linaendeshwa kwa zamu na watu wawili au watatu, na katika ngazi nyingi kanuni zinadai mmoja wao awe mtu asiyeendesha kwa riziki. Mara nyingi huyo ni mfanyabiashara wa miaka arobaini au hamsini, ndiye anayebeba sehemu kubwa ya gharama, na anahitaji kijana mwenye kasi wa kushirikiana naye gari lile lile. Riziki ya mwanao, ikipatikana, itatokea hapo.

Kwa hiyo, kabla ya kuzungumzia injini na matairi, elewa madaraja. FIA, shirikisho la dunia la mbio za magari, huwapanga madereva wa mbio hizi katika madaraja manne: Platinamu, Dhahabu, Fedha na Shaba. Platinamu na Dhahabu ni wa kulipwa: waliopita Fomula 1, walioajiriwa na viwanda, waliotwaa mataji makubwa. Shaba kwa kawaida ni mtu aliyeanza mbio ukubwani. Kijana anayeanza bila matokeo makubwa ya kimataifa huangukia Fedha. Katika LMGT3, darasa la magari ya GT (ya michezo, yanayotokana na ya barabarani) kwenye WEC, ubingwa wa dunia wa masafa marefu, gari haliwezi kuingia bila dereva mmoja wa Shaba, na mwenzake mmoja lazima awe Shaba au Fedha. Wa tatu anaweza kuwa yeyote. Mfano mzuri ni BMW namba 46 ya timu ya WRT mwaka 2024: Ahmad Al Harthy wa Muscat alikuwa Shaba, Valentino Rossi, bingwa wa pikipiki, alikuwa Fedha, na Maxime Martin ndiye aliyekuwa dereva wa kulipwa. Rossi mwenyewe, pamoja na mataji yake yote ya pikipiki, kwenye magari aliingia kupitia mlango ule ule ambao mwanao atagonga.

Hesabu yake ni hii. Kila timu inaweza kupata dereva wa Dhahabu mwenye kasi. Wapo wengi na wanagombania viti vichache. Shaba ni yule aliye na mfuko. Anayebadilisha matokeo ni wa Fedha. Fedha anayezidiwa na wa Dhahabu kwa sekunde moja kila mzunguko anaizamisha timu. Fedha anayezidiwa kwa sehemu mbili za kumi za sekunde anatafutwa kama maji ya kisima wakati wa kiangazi. Lugha yetu imeweka metali na pesa katika neno moja, na kwenye paddoki, ule ua wa timu nyuma ya gereji, hiyo ndiyo hali halisi.

Ila daraja hilo lina muda wake. FIA hupitia orodha kila mwaka, na matokeo yakizidi kijana anapandishwa Dhahabu. Familia zinashangilia, kisha Januari simu inanyamaza: jana alikuwa Fedha wa haraka kuliko wote, leo ni Dhahabu wa kawaida anayeshindana na watu wenye miaka kumi ya Le Mans. Ndiyo maana miaka ya Fedha haifai kutumiwa kwenye mbio ndogo zisizoonekana. Inatakiwa itumike mbele ya macho ya viwanda.

Sasa mlango wa kuingilia. Uingereza, kijana wa miaka 14 anaweza kushindana na magari, lakini katika michuano iliyotengwa kwa vijana tu. Miwili inayojulikana zaidi ni Ginetta Junior na ile ya magari madogo ya saluni, Junior Saloon Car Championship, inayotumia Citroën Saxo. Yote miwili ni ya miaka 14 hadi 17. Saxo ni nafuu zaidi kwa mbali na inafundisha kupigania nafasi, ila ni gari la kuvuta kwa magurudumu ya mbele, na magari atakayokutana nayo baadaye karibu yote yanasukumwa na ya nyuma. Ginetta G40 ya vijana, kwa miaka mingi, imekuwa gari la kusukumwa na magurudumu ya nyuma lenye injini ya Ford ya lita 1.8 na nguvu za farasi kama 100. Farasi 100 ni chache, na faida yake iko hapo hapo: kosa dogo la kona haliwezi kufichwa na injini, linaonekana mpaka mwisho wa barabara nyoofu. Lando Norris alipita huko mwaka 2014, akamaliza wa tatu, kabla ya kwenda Fomula. Ginetta pia imekuwa ikitoa ufadhili wa msimu kwa kijana mmoja baada ya majaribio ya siku kadhaa. Ombeni hata kama mna wasiwasi, kwa sababu siku zile za majaribio zenyewe ni darasa.

Leseni inatolewa na Motorsport UK, chombo kinachosimamia mbio za magari Uingereza. Kabla ya kuipata, kijana hufanya mtihani wa ARDS, umoja wa shule za madereva wa mbio, kwenye shule iliyoidhinishwa ndani ya uwanja wa mbio. Kuna sehemu ya kuandika, na maswali ya bendera lazima ayapate yote; kosa moja la bendera ni kurudi nyumbani. Vijana wa karti hujikwaa kwenye vitu wanavyodhani wanavijua. Njano mbili zikipepewa pamoja maana yake ni kupunguza sana na kuwa tayari kusimama. Njano yenye mistari myekundu ni utelezi. Nyeusi yenye duara la chungwa, pamoja na namba yako, ni gari lako lina hitilafu, ingia piti, yaani kwenye njia ya gereji. Sehemu ya kuendesha haipimi kasi. Mkufunzi anaangalia kama kijana anapita mstari ule ule kila mzunguko, anatazama vioo, na hashtuki akipitwa. Wanaofeli wengi wamefeli kwa kutaka kumwonyesha mkufunzi jinsi wanavyokimbia. Akishapata, gari lake litabeba nyuma kibandiko cha njano chenye msalaba mweusi kuonyesha ni mgeni, mpaka atimize idadi ya mbio inayotakiwa.

Hapa familia za karti hupoteza pauni mia kadhaa bila sababu: kofia. Kofia ya karti, hata iwe ghali vipi, haijapimwa kwa moto, kwa hiyo haikubaliki ndani ya gari. Nunueni moja kwa moja yenye alama ya FIA 8859 au ya juu yake, na yenye matundu ya skrubu za kufungia kifaa cha shingo, maarufu kama HANS, ambacho ni lazima na chenyewe kina alama ya FIA 8858. Nguo iwe na alama ya 8856-2018. Kijana wa miaka 14 anarefuka, ndiyo, lakini nguo iliyombana si ya kuchekewa: safu ya hewa kati ya kitambaa na mwili ndiyo inayochelewesha moto. Chukueni kubwa kidogo. Kofia msinunue ya mtumba hata kama mwenye nayo ni rafiki. Ikishaanguka sakafuni mara moja, uharibifu wa ndani hauonekani.

Baada ya hapo ndipo karti inapoanza kumsaliti. Ekseli ya nyuma ya karti ni chuma kimoja kisicho na difrensha, kifaa kinachoruhusu magurudumu mawili yazunguke kwa kasi tofauti, kwa hiyo ili ikate kona lazima gurudumu la ndani la nyuma linyanyuke kidogo. Watoto wa karti hujifunza kulinyanyua kwa kuukata usukani ghafla wanapoingia kona. Kwenye gari, mkato huo unaliua tairi la mbele: linateleza, pua ya gari inakataa kugeuka, kijana anaongeza usukani, na mambo yanazidi kuwa mabaya. Dawa ni kuingiza usukani taratibu huku akiachia breki kidogo kidogo, uzito ubaki juu ya magurudumu ya mbele mpaka karibu na kilele cha kona. Kwenye data inayorekodiwa na gari, mchoro wa nguvu ya breki wa dereva mzuri hupanda wima kama ukuta kisha unashuka kama mteremko wa mlima mrefu. Wa mtoto wa karti mara nyingi ni meza: unapanda, unabaki bapa, unaanguka ghafla. Muulizeni injinia awaonyeshe mchoro huo kila siku ya mazoezi. Muda wa mzunguko hudanganya, kwa sababu ya matairi, upepo na mafuta. Mchoro wa breki haudanganyi.

Kuanzia miaka 16 au 17 njia hugawanyika, na nitakupa Waingereza watatu waliopita njia tatu.

Tom Gamble alitwaa ubingwa wa Ginetta Junior mwaka 2017. Mwaka uliofuata akaenda BRDC British F3 (Fomula 3 ya Uingereza), na mwaka huo huo wa 2018 akashinda tuzo ya Aston Martin Autosport BRDC ya dereva kijana, ile yenye pauni 200,000 na majaribio ya gari la Fomula 1. Badala ya kuzimaliza pesa hizo kutafuta kiti cha Fomula, akahamia mbio za masafa marefu. Mwaka 2025 alikuwa ndani ya Aston Martin Valkyrie namba 007 katika WEC, pamoja na Harry Tincknell. Funzo kwenu: tuzo hiyo huwapima vijana Silverstone katika magari ya aina tofauti siku mfululizo, na anayezoea gari jipya ndani ya mizunguko mitano ana thamani kubwa kuliko aliyeendesha gari moja miaka minne.

Jamie Chadwick alianza Ginetta Junior mwaka 2013. Mwaka 2015, akiwa na miaka 17, yeye na Ross Gunn walitwaa ubingwa wa GT4, darasa la chini la magari ya GT, katika British GT, mashindano ya taifa, kwa Aston Martin Vantage ya timu ya Beechdean. Alikuwa mwanamke wa kwanza na dereva mdogo kuliko wote kutwaa taji hilo. Akaenda Fomula, akashinda W Series, mashindano ya wanawake, mara tatu, 2019, 2021 na 2022, akavuka hadi Marekani katika Indy NXT, ngazi iliyo chini ya IndyCar, ambako alishinda Road America mwaka 2024. Mwaka 2025 akarudi masafa marefu, katika LMP2 (magari yaliyojengwa kwa mbio tu) ya timu ya IDEC Sport kwenye European Le Mans Series, mradi uliofungamana na kiwanda cha Genesis, na gari lao likashinda mbio za ufunguzi Barcelona. Njia yake ilizunguka, lakini GT4 ya umri wa miaka 17 ndiyo iliyompa jina.

Wa tatu ni Phil Hanson, na huyu ndiye ambaye baba mtu anatakiwa amsome kwa makini. Alizaliwa 1999, hakupita ngazi ya Fomula kabisa. Alitwaa Asian Le Mans Series darasa la LMP3, ngazi iliyo chini ya LMP2, msimu wa 2016–17, na mwezi Juni 2017 alishiriki Le Mans akiwa bado na miaka 17. Mwaka 2020, akiwa na United Autosports ya Yorkshire, alishinda LMP2 kule Le Mans pamoja na Filipe Albuquerque na Paul di Resta, akatwaa na taji la WEC la LMP2 na la European Le Mans Series. Mwaka 2025 akashinda Le Mans yenyewe, nafasi ya kwanza ya jumla, katika Ferrari 499P ya njano namba 83 ya AF Corse, pamoja na Robert Kubica na Yifei Ye. Mizunguko 387 ya uwanja wa kilomita 13.626, na gari la pili, Porsche, liliachwa sekunde 14 tu. Tusifiche: kijana wa miaka 17 hafiki kwenye LMP2 bila pesa nyuma yake. Lakini pesa hiyo ilipelekwa moja kwa moja pale kazi ilipo. Familia nyingi huichoma miaka minne kwenye Fomula, halafu zinakuja masafa marefu na mfuko mtupu na daraja la Dhahabu.

Kwa familia isiyo na pesa ya LMP2, njia ninayoiona ina akili kuliko zote ni ya magari ya aina moja, ambako wote huendesha gari lile lile: mwaka au miwili ya Ginetta Junior, kisha Porsche. Ngazi ya chini hutumia Cayman GT4, na juu yake ni Carrera Cup GB, mashindano ya Porsche ya Uingereza. Gari la Carrera Cup, 911 GT3 Cup ya toleo la 992, lina injini ya lita 4.0 yenye nguvu za farasi 510, injini iko nyuma ya ekseli ya nyuma, na linaendeshwa bila ABS, yaani mfumo unaozuia magurudumu yasifunge kwenye breki. Pua ni nyepesi, kwa hiyo ukikosea breki kidogo gurudumu la mbele la ndani linafunga na tairi linasuguka, likibaki na sehemu bapa itakayotetemesha usukani mpaka mwisho wa mbio. Anayelimudu gari hili hahitaji kueleza sana mahali pengine. Porsche GB pia imekuwa na ufadhili wa miaka miwili kwa kijana mmoja anayechaguliwa kwa majaribio, pamoja na mafunzo ya mwili na ya kuzungumza na wadhamini. Dan Harper wa Ireland ya Kaskazini alikuwa kijana wa ufadhili huo, akatwaa ubingwa wa 2019, na 2020 BMW wakamchukua kwenye timu yao ya vijana. Faida nyingine ni kwamba Carrera Cup GB husindikiza mbio za BTCC, ubingwa wa Uingereza wa magari ya saluni, zinazoonyeshwa kituo cha ITV4. Mdhamini anaweza kuwaonyesha wenzake kibandiko chake kwenye televisheni.

Akihamia GT3, darasa la juu la magari ya GT, itabidi asahau nusu ya aliyojifunza. GT3 ina ABS na kidhibiti cha kuteleza, kwa hiyo breki ya kwanza inakanyagwa kwa nguvu zote, jambo ambalo kwenye Carrera Cup lingemtoa nje. Kinachobaki ni ile kuachia breki taratibu.

Kuna kazi nyingine tatu ambazo hakuna anayezifundisha kwenye karti, na zinaamua nani anarudishwa msimu unaofuata.

Ya kwanza ni kubadilishana dereva. Anayetoka analegeza mikanda akishaingia njia ya piti na kidhibiti cha mwendo kimeshikwa, si kabla. Anachomoa waya wa redio na mrija wa maji, anafungua wavu, anatoka, halafu anageuka kumfunga mwenzake. Mikanda ya nyonga hukazwa kwanza, ya mabega baadaye, ikipita juu ya HANS. Makosa ni yale yale kila mahali: anayeingia anakalia mikanda ya katikati ya miguu, au waya wa redio unabanwa chini ya mkanda wa bega na kuchomoka kona ya kwanza. Anayetoka mwenye busara huilaza mikanda ya katikati mbele na kuning'iniza ya mabega pembeni kabla hajainuka kitini. Fanyeni hata sebuleni kwa kiti cha zamani cha mbio; marudio hamsini ni machache. Na kwa kuwa kiti kimoja huchongewa dereva mrefu kuliko wote, wafupi huweka ganda lao la povu. Ganda lisilokaa sawa humletea mtu maumivu ya mgongo zamu ya pili, na kijana atasema amechoka, kumbe hajakaa vizuri.

Ya pili ni msongamano. Kwenye WEC, gari la GT hupitwa na magari ya Hypercar, darasa la kasi kuliko yote, usiku kucha. Kijana aliyelelewa kuziba njia lazima ajifunze kupitwa: kushika mstari wake, kutobadilisha mawazo katikati ya kona, na kuchagua apitwe wapi. Kupitwa mwishoni mwa barabara nyoofu hakugharimu kitu. Kupitwa katikati ya kona za Porsche pale Le Mans kunakugharimu sekunde nzima, au gari.

Ya tatu ni matairi baridi. WEC ilipiga marufuku vipasha matairi kuanzia msimu wa 2023, ingawa Le Mans ya mwaka huo waliviruhusu kwa muda. Mzunguko wa kwanza kutoka piti umekuwa kipimo cha pekee. Anayepasha matairi kwa breki ya mapema na usukani wa pole, bila kulitupa gari, anapata sekunde nyingi pale kuliko atakazozipata kwa ushujaa baadaye.

Halafu kuna yule wa Shaba. Le Mans, hakuna dereva anayeruhusiwa kuendesha zaidi ya saa 4 ndani ya saa 6, wala zaidi ya saa 14 kwa jumla, na katika LMGT3 wa Shaba ana kima cha chini cha saa 6 ndani ya gari. Huwezi kumficha. Kwa hiyo mbio zinashindwa au zinapotea katika saa zake, na kijana atakayemwongezea nusu sekunde kwa mzunguko ana thamani kuliko yule atakayeongeza sehemu moja ya kumi kwenye muda wake mwenyewe. Mfundisheni mwanao kufundisha. Mtu mzima, mwenye kampuni, haambiwi “umekosea” na mtoto wa miaka 19 mbele ya mafundi. Anaonyeshwa michoro miwili ya data pembeni, anaulizwa ameona nini. Malezi ya pwani yanamsaidia hapa kuliko anavyojua. Baadaye anaweza kuchukua sifa ya ukufunzi wa ARDS. Vijana wengi wa Uingereza huendesha maisha kwa kufundisha siku za uwanja Silverstone, Brands Hatch na kwingineko, na wengi hukutana hapo hapo na mteja wa Shaba atakayewapeleka British GT.

Simuleta, mashine ya kuigiza uendeshaji, ni nzuri kwa kujifunza viwanja na kwa nidhamu ya zamu ndefu. Kama njia ya kuingilia, usiitegemee. Jann Mardenborough alitoka kwenye mchezo wa Gran Turismo, akashinda GT Academy, mpango wa Nissan wa kuwageuza wachezaji hao kuwa madereva, mwaka 2011, na 2013 akawa wa tatu katika LMP2 kule Le Mans. Lakini mpango ule ulishafungwa.

Tuje kwenye pesa. Bei ya timu za Uingereza karibu zote hutajwa bila VAT. Ukisikia pauni elfu mia, hesabu laki moja na ishirini. Kwenye mkataba tafuta mambo haya kwa maandishi: siku ngapi za mazoezi, seti ngapi za matairi mapya kwa kila wikiendi, nani analipa gari likigongwa, kiasi gani mtabeba wenyewe kabla bima haijaingia, na je, siku ya mazoezi iko ndani ya bima hiyo? Mara nyingi haimo. Ulizeni pia kama injinia wa data ni wa gari lenu peke yake au anagawanywa kwa magari manne. Timu iliyo nafuu kwa elfu kumi, yenye injinia mmoja kwa magari manne, si nafuu. Na tengeni akiba ya ajali, angalau sehemu moja ya kumi ya bajeti yote, isiyoguswa kwa mazoezi ya ziada hata kijana akilia.

Michango ya jamaa, kama ile ya harusi, itatosha mtihani wa ARDS, kofia na nguo. Msimu haitoshi, na msiipeleke huko, inaharibu undugu. Kwa mdhamini msiende na barua ya kuomba msaada. Nendeni na kitu cha kuuza: wageni kumi ndani ya paddoki, picha za gari mbele ya duka lao, siku moja wafanyakazi wao waje waketi kwenye kiti cha gari. Kampuni ya mizigo au ya chakula ya Leicester inaelewa bei ya kuwakirimu wateja. “Ndoto ya mtoto” haina mstari kwenye vitabu vyao vya hesabu.

Kikomo mkiweke sasa, wakati hakuna aliyekasirika. Kama baada ya misimu miwili kamili kwenye gari la aina moja, na timu nzuri, bado hayumo watano wa mbele, msinunue kiti cha GT3 kwa kutumaini gari kubwa litamwamsha. Halimwamshi mtu.

Kwa mwaka huu, mna bahati ya makazi. Donington Park na Mallory Park zote ziko Leicestershire, na Loughborough College, jirani yenu, imekuwa na programu ya Motorsport UK kwa madereva wa miaka 16 hadi 18 inayochanganya masomo na mazoezi. Anzeni kuulizia masharti kabla hajamaliza mitihani ya GCSE. British GT ikija Donington, nendeni naye. Paddoki iko wazi kwa wenye tiketi. Asiende kupiga picha na magari; asimame nyuma ya gereji wakati wa kubadilishana dereva, ahesabu sekunde, aone nani anamfunga nani. Wakati wa baridi mlipieni siku moja tu kwenye gari la Ginetta au Saxo pamoja na injinia wa data, kabla hamjasaini popote. Jioni, mkikaa kwenye kompyuta, msiulize mzunguko wake bora ulikuwa dakika ngapi. Muulizeni injinia mchoro wa breki wa mzunguko wa tano na wa ishirini, auweke mmoja juu ya mwingine.